Mkonge usirudi nchini kwa jina la gari

Kila lita ya petroli inayochomwa na bajaji katika mji wa Songea imekwisha kusafiri mamia ya kilomita tangu bandarini, iwe Mtwara au Dar es Salaam, ikiwa juu ya lori ambalo nalo lilikuwa likichoma mafuta njia nzima. Kwa sababu hiyo habari za magari ya umeme hazistahili kupokewa mkoani Ruvuma kama hadithi za Ulaya. Mwaka 2018 njia ya umeme ya kilovolti 220 kutoka Makambako iliuunganisha mji huu na gridi ya taifa, na enzi ya kutegemea majenereta ya dizeli ikafikia kikomo. Masista Wabenediktini wa Chipole wanafua umeme katika maporomoko ya Tulila, kwenye mto Ruvuma wenyewe. Na mto Luwegu, ambao hukusanya maji yake katika nyanda za mkoa huu huu, huungana na Kilombero na kuwa Rufiji. Na Rufiji ndio unaozungusha mitambo ya Bwawa la Julius Nyerere, yenye uwezo wa megawati 2,115. Petroli huja Songea kutoka mbali. Umeme, kwa kiasi fulani, hutoka Songea kwenda mbali.

Hata hivyo mjadala wa gari la umeme, maofisini na katika vyumba vya walimu, huishia karibu daima kwenye betri: bei yake, umri wake, na mahali pa kuichaji. Ni mara chache kusikia mtu akiuliza gari lenyewe, yaani bodi, milango, sakafu na paa, litaumbwa kwa kitu gani na litaumbwa na nani. Swali hilo ndilo lenye kazi na fedha za mwananchi wa kawaida. Betri itatoka ng'ambo kwa miaka mingi ijayo, hapana haja ya kudanganyana. Lakini bodi yaweza kutoka Songea, endapo wenye dhamana wataamua hivyo kabla makontena hayajaanza kushushwa.

Umuhimu wa bodi unatokana na uzito wa betri. Petroli yote inayojaza tangi la bajaji haifiki kilo 10. Betri ya kuifikisha bajaji hiyo umbali uleule huwa na uzito wa makumi ya kilo, na ile ya gari dogo la abiria hupita kilo 200. Tena betri ina tabia moja ambayo petroli haina: haipungui uzito safari inapoendelea. Kila kilo inayoongezwa katika bodi hudai umeme zaidi wakati wa kupanda mlima. Umeme zaidi hudai betri kubwa zaidi. Na betri kubwa huongeza tena uzito na bei. Bodi ikipunguzwa uzito, mduara huo hugeuka na kumfaidia mwenye gari: betri ndogo yatosha, na kwa kuwa betri ndicho kifaa ghali kuliko vingine vyote, bei ya chombo kizima hushuka. Katika mji tambarare hayo ni mambo ya hesabu za vitabuni. Katika Songea, uliolala miguuni pa milima ya Matogoro, ni tofauti kati ya kijana anayemaliza siku ya kazi na kijana anayesukuma bajaji yake jioni huku abiria wakimcheka.

Hapo ndipo nyuzi zinapoingia. Ufundi wa kuimarisha kitu kinachopasuka kwa kutumia kitu kinachonyumbulika si mgeni kwa Mngoni wala kwa Mmatengo. Kihenge ni mianzi au fito zilizofumwa na kukandikwa udongo. Udongo peke yake hupasuka. Fito peke yake hupitisha vumbi na wadudu. Viwili hivyo kwa pamoja hulinda mahindi ya msimu mzima. Ukuta wa nyumba ya miti umejengwa kwa akili ileile, na kila fundi wa kijijini anajua kuwa udongo uliochanganywa na nyasi zilizokatwakatwa haufanyi nyufa upesi. Kiwandani, mahali pa udongo huwekwa rezini, yaani gundi ya majimaji ambayo ikitiwa dawa yake huganda na kuwa ngumu. Na mahali pa fito huwekwa mkeka wa nyuzi za kioo, za kaboni au za mmea. Nyuzi hubeba nguvu, rezini huzishika zisiachane na kuzigawia mzigo. Mvuvi wa Ziwa Nyasa anaijua kazi hiyo katika boti, dereva anaijua katika bampa, na wote wawili huiita faiba.

Faida yake huonekana mizanini. Chuma ni kizito karibu mara 8 kuliko maji ya ujazo uleule, nyuzi za kioo mara 2.5, nyuzi za mkonge kama mara 1.5, na rezini yenyewe haiyapiti maji kwa mengi. Faiba haishiki kutu. Haihitaji mashine kubwa za kukandamiza mabati, ambazo ndizo zimezifanya nchi changa zibaki nje ya uzio wa viwanda vya magari. Inahitaji kalibu iliyotengenezwa kwa uangalifu, mikono iliyofundishwa, na banda lisilopitisha vumbi.

Wapo watakaosema kuwa gari la nyuzi za mmea ni mzaha. Kwa hakika liliwahi kuitwa hivyo. Ujerumani ya Mashariki, nchi ileile iliyojenga majumba ya ghorofa ya Kikwajuni, Unguja, katika miaka ya 1960, ilikuwa na uhaba mkubwa wa mabati ya chuma. Wahandisi wa mji wa Zwickau wakachukua mabaki ya pamba, wakayashindilia kwa joto pamoja na rezini ya fenoli, wakapata vipande vigumu vya bodi. Gari hilo, Trabant, lilitengenezwa tangu mwaka 1957 hadi 1991, na magari takriban milioni 3 yalitoka kiwandani. Injini yake ilikuwa dhaifu, moshi wake ulikuwa mwingi, na wananchi walisubiri miaka mingi kulipata. Dhihaka nyingi zilizotupiwa gari hilo lilizistahili. Lakini dhihaka hazikuwa hoja dhidi ya bodi. Wapenzi wake wangali wakiliendesha leo, zaidi ya miaka 30 baada ya uzalishaji kukoma, na mara nyingi kinachowasumbua ni kutu ya fremu ya chuma iliyo chini, si ile pamba iliyo juu. Ikumbukwe pia kuwa Ujerumani hailimi pamba. Iliagiza, ikaifanya gari. Tanzania inalima pamba, na mpaka leo sehemu kubwa yake huondoka nchini ikiwa marobota.

Ni ajabu ya historia kwamba katika Leipzig, si mbali na Zwickau, mwaka 2013 kampuni ya BMW ilianza kuunda gari la umeme liitwalo i3, ambalo chumba chake cha abiria kilikuwa cha nyuzi za kaboni. Likiwa na betri yake, gari hilo lilikuwa na uzito wa kilo 1,200 hivi, jambo lililowashangaza washindani. Kinachopaswa kumvutia zaidi msomaji wa Ruvuma ni mahali nyuzi hizo zilikotoka. Kuoka nyuzi za kaboni hula umeme mwingi mno. Basi kiwanda cha kuzioka kilijengwa Moses Lake, katika jimbo la Washington, Marekani, ambako mabwawa ya mto Columbia hutoa umeme wa bei nafuu. Kampuni ya Ulaya ilivuka bahari kufuata maji ya mto. Na katika milango ya gari hilohilo la kaboni, upande wa ndani, zilitumika nyuzi za kenafu, mmea wa jamii ya bamia unaomea vizuri katika nchi za joto.

Gari la i3 lilikoma kutengenezwa mwaka 2022, baada ya kutoka magari yapatayo 250,000, wala halikuacha mrithi wa aina yake. Kaboni ilikuwa ghali na kazi yake ya polepole. Kwa hiyo mtu yeyote atakayefika Songea na mchoro wa kiwanda cha kaboni apokewe kwa heshima, apewe kahawa ya Mbinga, na arudishwe alikotoka. Hatua ya kwanza ya nchi isiyo na mtaji mkubwa si kaboni. Ni kioo kwa sehemu zenye kazi ngumu, na nyuzi za shambani kwa sehemu zenye kazi nyepesi.

Nyuzi za shambani zipo, na historia yake haina furaha. Mwaka 1893 Mjerumani Richard Hindorf aliagiza miche ya mkonge kutoka Florida. Iliyofika Tanga ikiwa hai ilikuwa 62 tu. Kutokana na miche hiyo uliota uchumi mzima, uliojengwa kwa jasho la manamba, ambao wengi wao walitoka Songea na mikoa mingine ya mbali, wakiyaacha mashamba yao wenyewe bila jembe. Mwaka 1964 nchi ilizalisha zaidi ya tani 230,000 za singa. Kisha zikaja kamba za plastiki, bei ikaanguka, na korona zikanyamaza shamba baada ya shamba. Azimio la Arusha la 1967 liliyaleta mashamba mengi mikononi mwa umma, na lilifanya haki. Lakini kulimiliki shamba hakukuwa kulimiliki soko. Singa nyingi ziliendelea kuondoka zikiwa ghafi, na aliyezigeuza kuwa kitu kingine ndiye aliyepanga bei.

Sasa plastiki iliyoiua kamba ya mkonge yenyewe inaomba kutiwa mkonge. Tangu miaka ya 1990 viwanda vya magari vya Ujerumani vimekuwa vikitumia kitani, kenafu na mkonge katika paneli za ndani za milango na rafu za nyuma, kwa sababu nyuzi hizo ni nyepesi, ni nafuu, na hazimwashi mfanyakazi ngozi kama kioo. Gari la umeme, lenye njaa ya wepesi, litaziongezea kazi nyuzi hizo. Bila shaka wakulima wa Tanga, Korogwe na Kilosa watafurahi bei ikipanda. Lakini ikiwa mkonge utapakiwa meli ukiwa singa na kurudi ukiwa mlango wa gari, mjukuu wa manamba wa Songea atakuwa amelipa nauli ya mkonge wa babu yake, kwenda na kurudi.

Haitoshi kuusifu mkonge. Nyuzi za mmea hunywa maji. Katika mkoa ambao mvua hunyesha tangu Novemba hadi Aprili, kipande kisichofunikwa vizuri kwa rezini kitavimba, kitaachana na gundi yake na kuota ukungu. Singa huweza kuoshwa kwa kostiki, ileile ya watengeneza sabuni, ili zishikane vizuri zaidi na rezini. Hata hivyo kazi ya nje ya gari haifai kuachiwa mkonge peke yake. Nguvu yake haifikii ya kioo, sembuse ya kaboni, na nyuzi za jani moja hazilingani na za jirani yake, jambo linalomnyima mhandisi usingizi. Huungua. Kwa hiyo sanduku la betri, na sehemu yoyote inayomkinga abiria wakati wa ajali, si mahali pa kufanyia majaribio ya uzalendo. Rezini nayo nyingi hutokana na mafuta ya petroli na huagizwa kutoka nje. Mvuke wake hudhuru mapafu, na banda la faiba lisilo na madirisha wala barakoa ni mtego kwa vijana. Mwisho, rezini iliyokwisha kuganda haiyeyuki tena. Wajerumani walihangaika sana na mabaki ya bodi za Trabant, na Songea haina sababu ya kurithi tatizo hilo bila kulifikiria mapema.

Pamoja na kasoro zote hizo inabaki kazi kubwa ya kufanywa: paa la bajaji, dashibodi, paneli za milango, viti, mkingamatope, na bodi za matela ya kubebea mahindi na wagonjwa kutoka vijijini. Hakuna hata kimoja kati ya hivyo ambacho kikivunjika kitaua mtu, na vyote kwa pamoja ni sehemu kubwa ya chombo kinachoonekana kwa macho.

Uwezo wa kuanza umo mikononi mwa watumishi wa umma kuliko wengi wao wanavyodhani. Sheria inazitaka halmashauri zitenge asilimia 10 ya mapato yao ya ndani kwa mikopo ya wanawake, vijana na watu wenye ulemavu. Mikopo hiyo ilisitishwa mwaka 2023 na kurejeshwa mwaka 2024. Vikundi vya vijana huomba nini? Bajaji na pikipiki. Maana yake ni kwamba halmashauri, bila kujiita hivyo, ni wanunuzi wakubwa wa vyombo vya usafiri. Mnunuzi mkubwa ana haki ya kuweka masharti. Sheria ya Ununuzi wa Umma ya mwaka 2023 inatoa upendeleo kwa bidhaa na watu wa nchini; kilichobaki ni ofisa ununuzi na ofisa maendeleo ya jamii kukaa meza moja na kuandika kwamba bajaji za umeme zitakazogharimiwa na mikopo hiyo zije bila paa na bila paneli, na vipande hivyo vifungwe hapa. Wauzaji watalalamika. Wakishaona idadi, watakubali.

Hapa patasikika sauti ya kuonya kwamba hakuna viwango. Onyo hilo ni la kweli, lakini limezoeleka kutumiwa kama kitanda cha kulalia. Viwango havishuki kutoka mbinguni. Shirika la Viwango Tanzania huviandika pale mtu anapoleta bidhaa na kudai ipimwe. SIDO, iliyoundwa mwaka 1973 kwa kazi kama hii hasa, ina ofisi Songea. Chuo cha VETA kipo Songea na tayari kinafundisha vijana kuchomelea na kutengeneza magari. Karakana za Peramiho zimefundisha mafundi wa kusini kwa vizazi kadhaa. Kinachokosekana si majengo. Ni mtu wa kuzikutanisha taasisi hizo na kuziuliza swali moja lenye tarehe ya kujibiwa.

Historia inatoa pia onyo la aina nyingine. Mwaka 1984 Mwingereza Anthony Howarth aliendesha magari yenye bodi ya mbao za tabaka zilizonyweshwa gundi ya epoksi kutoka nchi za barafu hadi ikweta, ili kuonyesha kuwa Afrika yaweza kujiundia magari kwa vifaa rahisi. Magari yalifika. Kampuni yake, iliyokuwa Lancaster, Uingereza, ilianguka mwaka 1988, na Afrika haikupata kiwanda. Bodi nzuri iliyobuniwa kwa ajili ya watu fulani, mbali nao, kwa fedha ambazo hawazimiliki, haikuwaachia hata kalibu. Shirika la Nyumbu la Kibaha, lililoanzishwa rasmi mwaka 1985 chini ya jeshi, liliacha angalau mafundi na lori lililoundwa na mikono ya Watanzania, ijapokuwa halikupata kamwe wanunuzi wa kutosha kulifanya kiwanda kikubwa. Nyumbu ilikosa mnunuzi. Songea, kupitia halmashauri zake, inaye.

Kuhusu walimu, nafasi yao haihitaji bajeti kubwa. Mkondo wa amali ulioanza kidato cha kwanza mwaka 2024 unadai kazi za mikono, na shule nyingi zinahangaika kuzipata. Mianzi ya ulanzi imeota kando ya mito na nyuma ya nyumba. Kijana anayejua kuigema kwa ajili ya pombe hajafundishwa kuipasua na kuipima nguvu. Tena ipo marejea. Padri Gerold Rupper wa Peramiho alitumia miaka mingi kuwahimiza wakulima wa Songea waipande ili kurutubisha ardhi, na wengi walimsikiliza. Mmea wa ukoo uleule hulimwa India kwa ajili ya nyuzi za kusokotea kamba. Ni mwalimu gani wa kemia Songea aliyekwisha kukata mashina ya marejea, akayaloweka mtoni wiki mbili, akayachuna na kuyaweka mbele ya wanafunzi wayavute mpaka yakatike?

Jaribio jingine lingefaa kuanza mwaka huu huu. Zitengenezwe paneli tatu za ukubwa wa meza ya mwalimu, kwa rezini ileile: moja ya kioo, moja ya mkonge, na moja ya mkonge uliofunikwa kioo pande zote mbili. Zipimwe uzito na kuandikwa tarehe, zifungwe juu ya paa la karakana mwezi Novemba, zikae huko mvua yote. Mwezi Aprili zishushwe, zipimwe tena uzito kujua zimekunywa maji kiasi gani, ziwekwe matofali juu yake moja moja mpaka zivunjike, na hesabu ya matofali ipelekwe kwa ofisa ununuzi wa halmashauri kabla hajaandika tenda ya bajaji za mwaka unaofuata.